Mbegu za ua la jangwani: kwa nini siwatumii Tanga

Shikamooni wakubwa, wadogo zangu hamjambo. Swali ni lile lile kila wiki: "Dada, tutumie mbegu za yale maua ya rangi ya chungwa ya huko Arizona." Nikinyamaza naringa, nikitaja gharama nalia shida. Haya, leo nalijibu lote.

Ua lenyewe ni Sphaeralcea ambigua, la majangwa ya Mojave na Sonora, huku Marekani na Meksiko, jamaa ya bamia na choya.

Kuzitia kwenye bahasha kimyakimya sifanyi. Kwanza mpokeaji apate kibali cha TPHPA, mamlaka ya afya ya mimea na viuatilifu Tanzania, ndipo mbegu zikaguliwe huku na kupewa cheti cha afya ya mimea. Cheti hufuata masharti ya kibali. Ukianza na cheti, ada imeliwa na mzigo umekwama. Na ada inaipita bei ya pakiti! Jikusanyeni, mwagize pamoja kwa muuzaji aliyezoea kusafirisha nje. Za kuchuma hifadhini msiniombe, ni marufuku.

Tuseme zimefika. Joto la Tanga haliliui ua hili, maji ndiyo yanaliua. Phoenix, jiji la huku Arizona, hupata kama milimita 200 za mvua kwa mwaka, Tanga inapita 1,000. Ukipanda kabla ya masika, mizizi inaoza. Ngojeni Juni.

Tafuta chungu chenye matundu, kina sentimita 30, maana mzizi mkuu unashuka wima na hautaki kuhamishwa. Changanya mchanga wa mto sehemu mbili, kokoto ndogo moja, udongo moja. Mchanga wa ufukweni Raskazone una chumvi, uacheni hukohuko. Samadi usitie, shina litarefuka lilale.

Ganda la mbegu ni gumu, maji hayapenyi, na hapo ndipo wengi hulaumu mbegu mbovu. Zisugue taratibu kati ya vipande viwili vya msasa laini mpaka ganda likwaruzike, usifikie kiini. Ziloweke usiku mmoja, fukia milimita 3, weka kwenye jua la kutwa. Miche ikishika, mwagilia pale tu udongo umekauka kina cha kidole. Vuli ikianza, sogeza chungu chini ya upenu, upande unaopata jua.

Vipimo hivi ni vyangu. Hewa ya Chumbageni si ya Lushoto, kila mtu aangalie kwake. Ila hili ni la wote: majani yana vinyweleo vinavyowasha macho, kwa hiyo ukishayashika nawa mikono kwanza, na watoto wasiyachezee.