Mnaoniuliza koneksheni ya Salford, video yenu hii hapa

Haya wanangu, leo najibu wote kwa pamoja maana nimechoka, hata nikiposti nasonga ugali mtu anakuja chini "kaka si upo Manchester, mpeleke dogo klabu ya Salford City akafanye majaribio, mbona Haji Mnoga wa Taifa Stars kaweza". Nisipojibu nabania. Nikijibu najifanya nimefika. Sasa nasema tu, mwenye kununa anune.

Mnoga hakutoka Bongo na koneksheni ya mtu. Kazaliwa Portsmouth 2002, kakulia akademi ya hapohapo Portsmouth, 2018 akachezeshwa timu kubwa ana miaka 16. Karatasi hajawahi kuulizwa, ni kwao. Na pamoja na hayo yote angalia alivyozungushwa, mkopo Bromley, mkopo Weymouth, mkopo Gillingham, mkopo Aldershot, yaani beki wa kulia wa Taifa Stars anaenda AFCON Ivory Coast Januari 2024 akitokea Aldershot, daraja la tano! Msimu huohuo Portsmouth wanabeba ubingwa wa League One, daraja la tatu, kiangazi yeye anaondoka, anasaini Salford daraja la nne, League Two. Mimi namheshimu sana kwa hilo, wengi wangekata tamaa mapema.

Kule uwanjani kwa Salford, Moor Lane, ni padogo, unasimama karibu na mstari mpaka unasikia mabeki wanavyotukanana na mastraika, mpira ukipigwa juu yule beki anajua kiwiko kinakuja na anaruka hivyohivyo. Mechi 46 za ligi hizo, bado makombe. Mkataba ukiisha mwezi wa sita na klabu haikutaki, unabeba viatu vyako unatafuta kwingine.

Sasa dogo wako. Tangu Uingereza itoke Ulaya mchezaji wa nje lazima FA, chama cha soka cha huku, wampe kibali, wanakiita GBE, unahesabiwa pointi zifike 15. Wanaangalia ligi unayotoka, dakika ulizocheza, timu ya taifa, na Stars yetu haimo 50 bora za FIFA kwa hiyo huko hupiti moja kwa moja. Usipofikisha, tangu 2023 klabu ya League Two ina nafasi zisizozidi 2 za wa namna hiyo. Mbili! Za dunia nzima. Halafu kuna wanaosema "aje kama mwanafunzi halafu acheze", visa ya mwanafunzi inakataza soka la kulipwa, imeandikwa kabisa.

Hapa ndo nauma meno. Kuna ndugu yangu wa damu hatuongei mpaka leo kisa barua ya mwaliko. Alikuwa ameshampa hela jamaa mmoja anayejiita ajenti, kauza kiwanja, kaambiwa majaribio yako tayari Uingereza imebaki barua tu ya mtu aliyeko huku. Mimi nikaomba anitumie barua ya klabu, ikaja ya WhatsApp, imeandikwa kwa Gmail. Klabu gani hiyo jamani? Nikakataa kusaini. Ajenti hapatikani kwenye simu, na ukoo mzima adui ni mimi, eti sikutaka mtoto wa watu atoke. Mimi mwenyewe hela ya ada ya afya ya kuongeza visa nilikopa, pauni 1,035 kwa kila mwaka na unalipa miaka yote kwa mkupuo, lakini hiyo tukiisema tunaambiwa tunalialia.

Kila mtu na njia yake, mimi sio mwanasheria, labda wewe una mlango wako siujui. Ila ningekuwa na dogo anayejua mpira ningemwacha apate dakika Ligi Kuu hapo nyumbani na mechi za CAF kwanza. Na ajenti akija, muulize leseni ya FIFA kabla hujataja kiwanja. Barua ya mwaliko siandiki, msinitumie pasipoti za watoto inbox.