Mafaili ya .so ya mwangwi kwenye Linux: yaweke pale programu itakapoyaona

Haya, asalaam aleikum kutoka Mombasa, karibuni. Leo ni mwangwi. Kwenye kaswida na taarab mwangwi ni kama achari kwenye sahani ya pilau: kidogo pembeni, usiufunike wali.

Tunatumia plagini, yaani viongezo vinavyoingizwa ndani ya programu ya sauti, na zetu ni za LADSPA, mtindo wa tangu mwaka 2000 ulioanzishwa na Richard Furse. Ni wa kizamani, nami naupenda hivyo hivyo, kwa sababu plagini ni faili dogo lenye mwisho wa .so na mambo yameisha. Hilo .so ni maktaba ya pamoja. Halifunguki peke yake, ukilibofya mpaka kesho halifanyi kitu. Linangoja programu ya kurekodi na kuhariri sauti, kama Audacity au Ardour, ije ilipakie, na programu tatu zinaweza kulitumia faili hilo hilo moja.

Fungua terminali, lile dirisha la kuandika amri. Hapa ni Ubuntu, Debian ni vilevile:

sudo apt install ladspa-sdk swh-plugins tap-plugins cmt

Nywila, Enter, twende. Sasa tuone tumepata nini:

ls /usr/lib/ladspa | grep -iE "delay|echo"

Ngoja nikuze maandishi, naona kwenye kamera hayasomeki. Haya. delay.so, hilo la ladspa-sdk. delay_1898.so, fad_delay_1192.so, tape_delay_1211.so, revdelay_1605.so, hayo ni ya Steve Harris, mwenye swh-plugins, na namba hizo ni vitambulisho vya plagini. tap_echo.so ni la Tom Szilagyi, mwenye tap-plugins.

Mbona cmt.so haipo? Ipo, ila jina lake halina neno tulilolitafuta. Ndani yake mna plagini nyingi, za mwangwi zikiwemo. Kwa hiyo shika hili: jina la faili ni kitu kimoja, lebo ya plagini iliyo ndani ni kitu kingine, na programu inahitaji vyote viwili. Tuchungulie:

analyseplugin /usr/lib/ladspa/cmt.so fbdelay_5s

Tazama hapa chini. Inapokea sauti moja, inatoa sauti moja, na ina vidhibiti vitatu: muda kwa sekunde, 0 hadi 5, mizani ya sauti kavu (isiyo na mwangwi) na mwangwi, 0 hadi 1, na kiasi cha mwangwi kinachorudishwa ndani, -1 hadi 1. Usikariri mpangilio wa vidhibiti, usome hapo kila mara, maana tutaviandika kwa mpangilio huo huo.

Muda unapigwa hesabu. 60 gawanya kwa mapigo ya dakika moja. Mapigo 120, pigo moja nusu sekunde. Lakini chakacha huenda sita kwa nane, kila pigo kubwa lina vipande vitatu, kipande kimoja sekunde 0.167 na viwili 0.333. Ukiweka 0.25 kama wafanyavyo kwenye nyimbo za nne kwa nne, mwangwi unaangukia katikati ya vipande na ngoma inachechemea. Weka 0.333.

(Hiyo ngurumo ni tuktuk. Inapita... inapita... imepita.)

Hebu sasa tuijaribu plagini hiyo bila kufungua programu yoyote kubwa. Faili la WAV, mono, biti 16:

applyplugin -s4 sauti.wav sauti_mwangwi.wav /usr/lib/ladspa/cmt.so fbdelay_5s 0.333 0.25 0.35

Hiyo -s4 inaongeza sekunde nne za ukimya mwishoni, la sivyo mkia wa mwangwi unakatwa kama kwa panga. Rudisho la 0.35 lina maana kila mrudio ni asilimia 35 ya uliotangulia; ukifika wa nne au wa tano huusikii tena. Kwa kaswida ya sauti moja mimi sivuki 0.4. Faili lako likiwa la stereo, tumia tap_echo.so, lebo yake tap_stereo_echo, hilo linapokea pande zote mbili.

Angalia fad_delay_1192.so. Rudisho lake linahesabiwa kwa desibeli, -70 hadi 0. Kule kwenye cmt, 0 maana yake hakuna kinachorudi. Huku, 0 maana yake kinarudi chote, hakifi, na kila neno jipya linarundikana juu ya la zamani mpaka spika zilie. Ukitaka ile 0.35 yetu, andika -9. Na delay_1898.so inatoa mwangwi mtupu, sauti kavu haimo. Iweke kwenye njia ya pembeni (bus), usiiweke juu ya sauti yenyewe. Ndani mna lebo tatu, delay_n, delay_l na delay_c. Kwa muda usiobadilika, delay_n yatosha.

Sasa pahali penyewe penye mtego. Punguza mwendo hapa.

Umepewa faili lako la .so kwa flashi, ukalinakili kwenye Downloads. Usilitupe kwenye folda za mfumo, lipe nyumba yake:

mkdir -p ~/.ladspa
cp ~/Downloads/mwangwi.so ~/.ladspa/

Halafu uiambie programu itafute wapi:

export LADSPA_PATH="$HOME/.ladspa:/usr/lib/ladspa:/usr/local/lib/ladspa"

Kwa baadhi ya programu LADSPA_PATH haiongezi, inafuta na kuandika upya! Ukiandika folda yako peke yake, humo utaona plagini yako moja na zile nyingine zote zimetoweka. Hazikufutika, ni programu imeacha kuzitazama. Narudia: andika folda yako, na za mfumo pia, zote. Katikati nukta mbili, si mkato. Tena ni $HOME, si ile alama ya kiwimbi (~). Ndani ya alama za nukuu kiwimbi kinabaki kiwimbi, na programu itatafuta folda ambayo haipo.

Ukiifungua Audacity kwa kubofya ikoni, haijui chochote ulichoandika kwenye terminali hii. Ifungue kutoka terminali hii hii, uchape audacity, Enter. Ukiridhika, tia mstari huo kwenye ~/.profile, toka kwenye akaunti yako na uingie upya. Narudia mara ya tatu, maana najua maswali yatakuja: folda za mfumo zimo kwenye mstari? Zimo? Haya.

Audacity iliyosakinishwa kwa Flatpak au Snap, njia nyingine za kusakinisha programu, imo ndani ya uzio wake, haioni /usr/lib/ladspa hata uilie machozi. Weka ya apt.

Bado haionekani? Liulize faili lenyewe:

file ~/.ladspa/mwangwi.so

Ikisema 32-bit na kompyuta yako ni 64, ndipo lile kosa la "wrong ELF class: ELFCLASS32" linapotoka, halitengenezeki, tafuta la 64. Ikisema ARM, lilijengwa kwa Raspberry Pi au mfano wake. Kisha:

ldd ~/.ladspa/mwangwi.so
nm -D ~/.ladspa/mwangwi.so | grep ladspa_descriptor

Ya kwanza ikionyesha "not found", kuna maktaba nyingine ambayo faili hilo linaitegemea na huna. Ya pili isipotoa kitu, basi hilo si plagini ya LADSPA, maana huo ndio mlango ambao programu hubisha kwanza. Huenda ni LV2, mtindo mwingine wa plagini, na LV2 ina folda zake na taratibu zake.

Imeonekana? Iwashe kwenye kidhibiti cha plagini ndani ya menyu ya Effect, uteue sehemu ya sauti, uweke 0.333... Sikiliza. Feni imeingia kwenye maikrofoni, nayo inarudi kila theluthi ya sekunde, lakini mwangwi umekaa kwenye ngoma.

Jambo moja kwa wanaotuma kazi studio nyingine: mradi wa Ardour haubebi .so ndani yake. Mwenzako asiye na plagini hiyo atafungua mradi na mwangwi haupo. Mtumie faili na jina la lebo, au umtolee mwangwi kwenye treki yake mwenyewe, sauti kavu kando.