Sikio na Upana wa Sasa

Walimu wangu, ndugu zangu, asanteni kwa kufika. Jioni hii natetea jambo moja tu: sasa si nukta. Sasa ina upana, na shahidi wake mkuu ni sikio.

Tuanzie Afrika Kaskazini. Augustino alizaliwa mwaka 354 Thagaste, mji unaoitwa leo Souk Ahras, nchini Algeria, akaja kuwa askofu wa Hippo. Katika kitabu cha 11 cha Maungamo yake anajiuliza wakati ni nini, na swali linamtesa kwelikweli. Yaliyopita hayapo tena, yajayo hayajafika, na hii sasa ukizidi kuikatakata haibaki na urefu wowote. Basi tunapimaje muda, ilhali hakuna cha kushika?

Jibu lake halikutoka kwenye jua wala mwezi. Alichukua mshororo mmoja wa wimbo wa kanisani uliotungwa na Ambrosio, askofu wa Milano: Deus creator omnium. Hesabuni nami kwa vidole. De-us cre-a-tor om-ni-um. Silabi 8: fupi, ndefu, fupi, ndefu, hadi mwisho, na kila ndefu ni sawa na fupi mbili. Sasa tazameni utata wenyewe. Silabi ndefu haipimiki mpaka iishe, na ikishaisha haipo. Ile fupi ya kuipimia nayo imeshaondoka zamani. Augustino anakata shauri kwamba hapimi sauti, anapima alama ambayo sauti imeiacha nafsini. Mtu anayetaka kuimba wimbo anaoujua kwa moyo, kabla hajafungua kinywa, matarajio yake yameukumbatia wote. Kadiri anavyoimba, matarajio yanapungua na kumbukumbu inajaa, mpaka wimbo wote unahamia upande wa kumbukumbu.

Sisi tuliolelewa na tenzi tunaijua vyema nane hiyo. Mshororo wa utenzi kwa kawaida una mizani 8. Ila mizani zetu zina uzito mmoja, hatuna fupi na ndefu za Kilatini, kwa hiyo kazi ya kuufunga wakati imebebwa zaidi na vina. Nimetunga ubeti mmoja kwa ajili ya leo, nisikilizeni:

Sauti ikishapita,
moyoni hujikunyata,
nyingine ikafuata,
mpaka ikatimia.

Nini kimetokea masikioni mwenu? "Pita" lilipotoka halikuwa kina, lilikuwa neno tu. "Kunyata" ndilo lililoligeuza kuwa kina, tena baada ya lenyewe kwisha kutamkwa. Neno lililopita limebadilishwa na neno lililofuata! "Fuata" likathibitisha. Kisha mshororo wa nne ukaacha -ta ukashika -ia, na mzoefu wa tenzi hakushtuka, kwa sababu alikuwa akiingojea. Beti zikifika mia tano, kila ubeti utabadili vina vyake vitatu, na -ia itarudi ile ile. Msikilizaji anaishi katika vipimo viwili kwa pamoja, kimoja cha ubeti na kimoja cha utenzi mzima. Sijui chombo cha saa kinachoweza kazi hiyo.

Edmund Husserl, mwanafalsafa wa Ujerumani, alilipa jambo hili msamiati wake. Mihadhara yake ya mwaka 1905 pale Göttingen, iliyochapishwa mwaka 1928, inaanza kwa kumsifu Augustino, na mfano wake mkubwa ni tuni. Anasema sauti iliyotoka kupigwa punde haijawa kumbukumbu. Kukumbuka wimbo wa jana ni kuuita urudi. Sauti ya punde haijaitwa, bado imeshikwa ndani ya hii inayosikika, huku inazama polepole. Na ijayo imeshaanza kungojewa. Bila mshiko huo tungesikia mlio mmoja, kisha mwingine, kisha mwingine, na tuni isingekuwapo kabisa.

Hapa ndipo ninapomsoma upya John Mbiti, mwanafalsafa wa Kenya, mzaliwa wa Kitui. Katika kitabu chake cha mwaka 1969 kuhusu dini na falsafa za Kiafrika aliugawa wakati katika Sasa na Zamani. Watu wamembana sana kwa kudai kwamba Mwafrika wa jadi hakuwa na wakati ujao wa mbali, na mimi naona walimbana kwa haki: anayeingojea -ia beti mia tano anatazama mbele mbali sana. Lakini wengi wamepita kando ya lililo bora kwake. Sasa ya Mbiti si nukta. Inabeba yaliyotokea juzijuzi, yanayotokea, na yaliyo karibu kutokea. Kwa sikio la mghani, hiyo ni kweli tupu.

Ndiyo maana naumia nikiona utenzi unafundishwa kimyakimya, mizani zikihesabiwa kwa kalamu kama idadi ya matofali. Walimu mliopo, jaribuni wiki hii: mmoja aghani beti kumi, vitabu vikiwa vimefungwa, kisha katika ubeti wa kumi na moja akomee mshororo wa tatu. Waulizeni wanafunzi mshororo unaokuja utaishia na nini. Wakijibu, waulizeni wamejuaje. Somo lianzie hapo.