Kutoka Simu hadi Ukumbini: Filamu za Indonesia na Watazamaji Wake

Mabibi na mabwana, watengenezaji filamu wa Indonesia hupima mafanikio kwa tiketi zilizokatwa. Kwa kipimo hicho tuiangalie filamu ya kutisha iitwayo KKN di Desa Penari.

Mwaka 2019 mwandishi aliyejiita SimpleMan alisimulia kwenye Twitter, ujumbe baada ya ujumbe, masaibu ya wanafunzi wa chuo waliokwenda kijijini kwa kazi za jamii wakawaudhi pepo wa mahali pale. Kisa kilienea nchi nzima. Filamu ilipangiwa kutoka Machi 2020, korona ikafunga kumbi, ikangoja hadi 30 Aprili 2022, siku mbili kabla ya Idi.

Idi ina hesabu yake. Sheria inamtaka mwajiri alipe bonasi ya sikukuu angalau siku 7 kabla. Aliyetimiza mwaka kazini hupata mshahara wa mwezi mzima. Watu wana fedha, wako likizo, wamerudi kwa wazazi, na ukoo mzima hutoka pamoja. Tena yalitolewa matoleo mawili: la kuanzia miaka 13, na lisilokatwa la kuanzia miaka 17. Ikapita watazamaji milioni 9. Toleo refu la mwisho wa mwaka likaifikisha milioni 10.

Walioiga njia hiyo ya kugeuza kisa cha mtandaoni kuwa filamu, wengi walianguka. Kusoma mtandaoni ni bure, ukumbini kuna tiketi na nauli. Halafu msomaji hujichorea pepo wake kichwani. Mwongozaji akimtoa pepo wake, mwigizaji aliyepakwa vipodozi, mapema mno, hofu imekwisha na filamu bado ina saa nzima. Wenye kumbi nao hawasubiri: viti vikiwa vitupu siku za mwanzo, maonyesho hupunguzwa, na sifa zikija kuenea, filamu imeshaondolewa.

Filamu ya vichekesho Agak Laen ya 2024 ilikwepa mtego huo. Wachekeshaji wake wanne walikuwa na podikasti ya jina hilohilo. Wasikilizaji walishazoea lafudhi zao na namna wanavyotaniana. Hata hivyo waliandikiwa kisa kamili cha sinema, cha vijana wanaoendesha nyumba ya mizuka, ile ya kutisha watu kwa burudani. Ikapita milioni 9. Nauheshimu sana uamuzi ule, maana wengi wangeridhika kurekodi mazungumzo.

Kikwazo kilichobaki ni kumbi. Mitaji ya kigeni iliporuhusiwa 2016, skrini ziliongezeka kutoka takriban 1,000 hadi karibu 2,000 ndani ya miaka michache, lakini nyingi ziko mijini, hasa katika kisiwa cha Java. Kisiwa kisicho na ukumbi hupokea filamu kwa simu, na nakala ya wizi, iliyorekodiwa gizani, mara nyingi hutangulia ile halali. Kila wiki mtayarishaji anayochelewa kuipeleka mtandaoni, anawaachia wezi watazamaji hao.