Miaka Isiyo na Filamu

Ndugu zangu, asanteni kwa kufika. Wasifu wa mtengenezaji filamu huru huandikwa kwa kupanga filamu zake na miaka zilipotoka. Mimi leo naomba tuitazame ile miaka mitupu iliyo katikati, maana humo ndimo mtu anamokula jasho lake. Nimemchagua Ousmane Sembène wa Senegali.

Alizaliwa Ziguinchor mwaka 1923. Alipakua mizigo bandarini Marseille, akawa mwandishi wa riwaya, na alipokaribia umri wa miaka 40 ndipo alipokwenda Moscow kusomea sinema. Kwa nini, wakati kalamu ilikwisha kumpa jina? Kwa sababu watu aliowaandika, wengi wao hawakujua kusoma. Mwaka 1963 akatoa filamu fupi ya mwendesha mkokoteni wa farasi mjini Dakar, na mwaka 1966 filamu yake ndefu ya kwanza.

Kisha ikaja “Mandabi,” mwaka 1968, na hapa naomba mnivumilie kidogo. Wengi tunadhani kuwa huru ni kutogusa fedha za mtu. Sembène alizigusa, tena za Ufaransa, nchi iliyoitawala kwake. Akapiga toleo la Kifaransa. Lakini alipiga na la Kiwolof, na wazee wa Dakar wakasikia lugha yao ikitoka kwenye pazia la sinema. Kwangu mimi huo ndio uhuru wenyewe: kujua ni kitu gani hukiuzi, hata ukiwa na njaa ya kamera.

Mwaka 1977 akamaliza “Ceddo,” ikapigwa marufuku nchini mwake. Sababu iliyotajwa hadharani ilikuwa tahajia: serikali ilitaka d moja, yeye aliandika mbili na hakuifuta hata moja. Filamu ndefu iliyofuata ilitoka mwaka 1988. Hesabuni wenyewe, miaka 11! Hakuikalia bure. Alirudi kwenye kalamu, na mwaka 1981 akachapisha riwaya nyingine. Nawasihi vijana mlishike hilo: muwe na kazi ya pili mnayoiheshimu, si ya kupitishia siku tu.

Filamu yake ya mwisho, “Moolaadé,” ilituzwa Cannes mwaka 2004, naye ana miaka 81. Kwa jumla alitengeneza filamu ndefu tisa.

Ya kumi ndiyo inayonikaa moyoni. Kwa miongo kadhaa alibeba andiko la filamu juu ya Samori Touré, aliyepigana na Wafaransa Afrika Magharibi katika karne ya 19. Filamu ya namna hiyo hudai majeshi, farasi, mavazi ya enzi nzima, na mfuko wa kuyabeba yote hakuupata. Alifariki Dakar mwezi Juni 2007, andiko likiwa bado andiko.