Mwili Mzima Husema: Mhadhara Kuhusu Mawasiliano ya Wanadamu na Wanyama

Mwenyekiti, wanazuoni wenzangu, mabibi na mabwana,

Nashukuru kwa kunipa nafasi hii. Hoja yangu ni moja. Tumezoea kuyachukulia maneno yatokayo kinywani kuwa ndiyo mawasiliano yenyewe, na mengine yote, yaani mikono, macho, uso, harufu na mguso, kuwa mapambo tu. Nadai kwamba mtazamo huo una kasoro kubwa, kwa sababu mara nyingi ujumbe haukai katika njia moja, bali hukamilika pale njia kadhaa zinapokutana katika fahamu za anayeupokea.

Nianze na nyuki, ambao kwao jambo hili liko wazi. Karl von Frisch, aliyetunukiwa Tuzo ya Nobel mwaka 1973 pamoja na Konrad Lorenz na Nikolaas Tinbergen, alionyesha kwamba nyuki aliyepata maua hurudi mzingani na kucheza juu ya sega: hukimbia katika mstari ulionyooka huku akitikisa tumbo, kisha huzunguka na kuanza tena. Pembe iliyopo baina ya mstari huo na wima wa sega huwaeleza wenzake waelekee upande gani wa jua, na kadiri mtikiso unavyodumu ndivyo maua yalivyo mbali. Lakini ndani ya mzinga ni giza. Wanaomfuata hawamwoni, husogea hadi vipapasio vyao vikamgusa, huhisi msukumo wa hewa inayopigwa na mabawa yake, hunusa harufu ya maua iliyomganda mwilini, na mara kwa mara yeye husimama akawaonjesha nekta aliyoibeba. Mtikiso hueleza mahali, harufu na ladha hueleza ua lenyewe. Mwaka 1989 Axel Michelsen na wenzake walieleza majaribio yao ya nyuki wa shaba aliyepakwa nta na kuendeshwa kwa kompyuta, na nyuki hai waliyafuata maelekezo yake, ingawa kwa idadi ndogo kuliko wanaomfuata mchezaji wa kweli. Naliona pengo hilo kuwa fundisho muhimu sana, kwa maana mwelekeo na umbali vilikuwamo, na bado kuna kitu cha nyuki hai ambacho shaba haikukitoa.

Chura wa túngara, aishiye Amerika ya Kati, anatupeleka mbele zaidi. Usiku dume hutoa mlio mrefu unaoshuka, na wakati mwingine huufuatisha mlio mfupi ambao huwavutia zaidi majike. Watafiti walipoitenganisha milio hiyo kwa muda wa kimya, mvuto ulipotea. Walipoweka chura bandia ambaye kifuko chake cha koo kilivimba katika muda ule ule wa kimya, majike waliipokea tena kana kwamba haijakatika. Kilichoonekana kwa macho kiliunganisha kilichosikika kwa masikio. Gharama yake nayo ipo: popo wanaokula vyura huufuata mlio huo, na hata viwimbi ambavyo mwitaji huvisababisha majini humfichua.

Sokwe nao hawatupi ishara ovyo. Mwenzake akiwa amemtazama, sokwe huweza kutumia ishara ya mkono isiyo na sauti. Akiwa amempa kisogo, humgusa.

Kwa binadamu, jaribio ninaloliheshimu kuliko yote ni la Harry McGurk na John MacDonald, lililochapishwa mwaka 1976. Mtu huonyeshwa picha ya kinywa kinachotamka "ga" huku akisikilizishwa sauti ya "ba", na watu wazima wengi husikia "da", silabi ambayo haikutamkwa na yeyote. Akifumba macho, "ba" hurudi. Hapo macho hayakuyasaidia masikio kwa pembeni. Yaliingia ndani ya usikivu wenyewe. Tena, mwaka 1998 Jana Iverson na Susan Goldin-Meadow walionyesha kwamba watoto waliozaliwa vipofu hutumia mikono wanapozungumza, hata na msikilizaji ambaye naye ni kipofu. Mikono hiyo haikuigwa kwa mtu yeyote, wala haikutegemea kuonwa. Imefungamana na kufikiri na kunena kwenyewe.

Kulipuuza hili kumeumiza watu. Mwaka 1880 mkutano wa kimataifa wa walimu wa viziwi uliofanyika Milan uliazimia kwamba kunena kutangulizwe juu ya ishara katika kuwafundisha, na kwa muda mrefu baada ya hapo shule nyingi ziliwazuia watoto kutumia mikono darasani. Ilipofika mwaka 1960, William Stokoe alieleza kwamba Lugha ya Ishara ya Marekani ina muundo wake kamili, unaojengwa kwa umbo la mkono, mahali unapowekwa na mwendo wake. Uso nao umo katika sarufi: nyusi zikiinuliwa, kauli hugeuka kuwa swali la ndiyo au hapana, zikikunjwa, swali huwa la nani, nini au wapi. Mwaka 2010, katika mkutano wa mfululizo huo huo uliofanyika Vancouver, maazimio ya Milan yalikataliwa rasmi na majuto yakatamkwa kwa madhara yake, miaka 130 baada ya kupitishwa.