Annie Lennox na Sauti ya Kuazima

Ndugu wasikilizaji,

Annie Lennox alizaliwa Aberdeen, Uskoti, mwaka 1954, na wengi wenu mtakuwa mmewahi kusikia nyimbo alizoimba na Dave Stewart katika kundi la Eurythmics. Hayo nayapita upesi, kwa kuwa kilichonileta ni namna alivyoitumia sauti yake baada ya Novemba 2003, alipopanda jukwaani Cape Town katika tamasha la 46664, namba aliyopewa Nelson Mandela alipokuwa mfungwa wa Kisiwa cha Robben. Katika safari hiyohiyo alimsikia Mandela, akiwa mbele ya chumba alimofungiwa, akiuita UKIMWI mauaji ya kimbari.

Nakiri kwamba huwa nina shaka na wasanii wanaowapakata watoto wagonjwa mbele ya kamera: picha hupigwa, machozi hufutwa, ndege huondoka. Lennox alirudi, tena hakuja na shirika lake la kuwafundisha wenyeji kazi. Mwaka 2007 aliwakusanya waimbaji wanawake 23 wakaimba naye wimbo mmoja wa kuchangisha fedha za Treatment Action Campaign, wanaharakati wa Afrika Kusini ambao mwaka 2002 walikuwa wameishinda serikali katika Mahakama ya Katiba, ikaamriwa kuondoa vikwazo vilivyowanyima wajawazito nevirapini, dawa ya kuzuia mama asimwambukize mtoto, katika hospitali za umma. Akaivaa na fulana yao yenye maandishi makubwa kifuani yanayosema aliyeivaa ana VVU, ingawa yeye hana. Mandela naye aliivaa Khayelitsha, kitongoji cha Cape Town, mwaka 2002.

Kwa nini mtoto mwenye VVU ahitaji mtu wa kumsemea? Kwanza, hata kumpima ni kazi. Kipimo cha haraka anachopimwa mtu mzima hutafuta kingamwili, yaani kinga ambayo mwili hujitengenezea dhidi ya virusi, na mtoto huweza kubaki na kingamwili za mama yake hadi miezi 18, kipimo kikaonyesha ana VVU hata kama hana. Kwa hiyo muuguzi humchoma kisigino, hudondosha matone ya damu kwenye kadi maalumu, huikausha na kuipeleka maabara, kisha mama hungoja. Kungoja huko ni kwa hatari, maana karibu nusu ya watoto waliozaliwa na maambukizi hufa kabla ya kutimiza miaka miwili wasipopata dawa.

Nayo dawa ilichelewa. Kwa miaka mingi mojawapo ya dawa kuu za watoto ilikuwa ya maji, chungu kupindukia, yenye pombe zaidi ya asilimia 40, na chupa ilipaswa kukaa kwenye jokofu, ambalo familia nyingi hazina. Mtoto aliitema, mama akaanza upya, asubuhi na jioni. Kidonge cha dolutegraviri cha watoto, kinachoyeyuka katika maji kidogo na chenye ladha ya stroberi, kiliidhinishwa mwaka 2020. Sababu ya kuchelewa haikuwa ugumu wa sayansi peke yake: nchi tajiri zilikuwa zimekwisha kuzuia maambukizi ya mama kwa mtoto, wateja wenye fedha wakawa hawapo, na hakuna aliyeharakisha.

Lennox amesimulia habari za binti wa miaka saba aliyemkuta Afrika Kusini akiwa na uzito wa mtoto wa mwaka mmoja. Alianzishiwa dawa, na baada ya miezi michache alipomwona tena alikuwa amenenepa, mashavu yamejaa.